Mama Kolea na Mdiria Aliyevaa Shati Kinyume

Ijumaa hii, tarehe thelathini, Mama Kolea anavua aproni yake baada ya miaka thelathini na nane katika chumba cha rangi cha kiwanda chetu cha uchapaji. Miaka thelathini na nane si mchezo. Humu ndani wamo watu waliozaliwa, wakasoma, wakaoa na wakaachwa, na muda wote huo Mama Kolea alikuwa amesimama palepale dirishani, karatasi mkononi, anaigeuzageuza kwenye mwanga kama mwenye duka aliyeshuku noti.

Jina la kwenye kitambulisho tuliache kwenye kitambulisho. Sisi tunamwita Mama Kolea kwa sababu tangu aanze kazi kauli yake ni moja: "Bado haijakolea." Umpelekee karatasi yenye wino mzito mpaka inanata vidoleni, bado haijakolea. Mume wake, siku moja alipokuja kumsubiri getini, alituambia hata nyumbani nyanya haziingii sufuriani mpaka zipite ukaguzi.

Ukurasa huu nimepewa mimi kwa sababu mbili. Kwanza, ninaendesha mashine kubwa, na wote mnajua mashine ile haiendeshwi na mtu wa hivihivi. Pili, wasomi wa ofisini waliombwa, wakasema wamebanwa na kazi. Binti wa mapokezi amenipangia koma, maneno ni yangu. Ofisi ilinidokeza pia mambo ya kutaja, na moja lilikuwa hili: nisimulie kwa utani kisa cha mdiria wa zambarau, lile kosa maarufu la Mama. Hapo ndipo damu iliponichemka. Kisa nitakisimulia, utani sina, na kosa nitalirudisha kwa mwenyewe.

Tuanze na kitabu, maana bila kitabu hamtaelewa. Kila aliyepita shule amekishika Kitabu cha Ndege. Ndicho kinachotulisha hapa kiwandani. Kalenda na kadi za harusi ni kitoweo tu, chakula chenyewe ni hicho. Wengi wanadhani kitabu kile kiliandikwa na mtu aliyekaa porini na darubini. Nani kawadanganya?

Toleo la kwanza kabisa lilichorwa ng'ambo, na watu ambao hawakuwahi kumwona ndege wetu hata mmoja akipumua. Walipelekewa ngozi zilizokaushwa na kujazwa pamba, zimelazwa chali kwenye droo kama wagonjwa wodini. Mchoraji anamtoa mmoja, anamsimamisha kwa waya, anamchora. Macho yalikuwa yameshaoza zamani, basi akawapaka wote macho ya manjano, kuanzia bundi mpaka njiwa. Korongo alifika na uzi mguuni, ule uzi wa kufungia kikaratasi cha jina, na mchoraji, kwa uaminifu wake, akauchora na uzi. Toleo la pili likanakiliwa kutoka la kwanza, uzi ukanenepa ukawa pete. Toleo la tatu likanakiliwa kutoka la pili, pete ikapakwa dhahabu. Kizazi kizima kimekua kikiamini korongo huvaa kikuku kama bibi harusi. Na korongo wapo, wamejaa kwenye bwawa nyuma ya soko, miguu mitupu. Lakini nani atoke nje wakati kitabu kipo?

Historia ya vitabu vya picha za ndege wetu kwa ufupi ndiyo hiyo, na wanaotaka ndefu wakaiandike: kitabu kinamchungulia kitabu mwenzake, ndege mwenyewe hatazamwi na mtu.

Kitabu kilipoanza kuchapwa hapa kwetu, mashine ilitoa mistari myeusi tu, rangi zikapakwa kwa mkono. Palikuwa na meza ndefu, wanawake wamekaa bega kwa bega, kila mmoja na rangi yake na kiungo chake. Mama mdogo wa Mama Kolea alikuwa wa midomo. Karatasi ikimfikia anapaka mdomo, anaisukuma kwa wa migongo, wa migongo anaisukuma kwa wa mikia. Mama yule alipaka midomo ya ndege mpaka macho yakamwisha, na hakuna kitabu hata kimoja kilichomtaja. Aliyeandika maneno katajwa. Aliyeazimisha ngozi katajwa. Hata aliyetoa meza katajwa kwenye shukrani. Wapaka rangi wameandikwa "na wengineo". Nchi nzima imejifunza ndege kwa mikono ya wengineo.

Mistari yenyewe ilichorwa kwenye mawe ya chapa, mazito, laini kama sabuni. Mawe hayo mnayajua vizuri sana. Ofisi ilipochoka kuyatunza iliyatandika kwenye njia ya kwendea chooni. Mvua ikinyesha, jiwe lililo karibu na bomba hutoa shingo ya korongo, polepole, kama picha inayokumbuka, nanyi mnamkanyaga na haraka zenu. Mama Kolea hajawahi kumkanyaga. Hupita pembeni kwenye matope, na viatu vikichafuka huvisugua kwenye kizingiti cha ofisi, si cha kwetu.

Alipoajiriwa, meza ndefu ilikuwa imeshavunjwa na picha zinachapwa kwa filamu. Alianza kwa kuosha rola, akahamia kwenye kuchanganya wino, na haukupita muda mrefu yeye ndiye aliyekuwa anaamua karatasi ipi ipite na ipi irudi. Namna yake ya kazi ilikuwa ya ajabu, na waliomcheka mwanzoni wameishia kuiiga. Akichanganya wino hugusa tone kwa kidole, analisambaza kwenye kipande cha karatasi, halafu anatoka nacho nje mpaka kwenye mtaro nyuma ya kiwanda, pale mdiria wanapotua juu ya bomba kungojea visamaki. Anasimama. Anakiinua kile kipande usawa wa ndege. Ndege akiruka, anangoja arudi. Ukimfuata kumwambia mashine inasubiri, atakwambia, "Mwanangu, mashine ina mshahara? Iache isubiri."

Asije mtu akadhani naandika habari za malaika. Kuna mwaka alishikilia kwamba kunguru si mweusi, ana buluu ndani yake, na akaongeza buluu, akaongeza tena, mpaka kunguru akatoka kama aliyeloweshwa kwenye buluu ya kufulia. Kitabu kikauzwa hivyohivyo. Ukimtania leo anajibu kwamba kunguru wa mtaani kwao wako hivyo, na mumewe akiulizwa anasema hana maoni. Mkaidi ni mkaidi. Ila ni mkaidi huyuhuyu aliyechukua wembe akakwangua kikuku cha korongo kwenye filamu, bila kumwomba ruhusa mtu. Baada ya muda mkaguzi mmoja wa shule akaandika kuuliza kikuku kimekwenda wapi. Mama Kolea akasema wamjibu kwamba korongo ameachika.

Sasa mdiria. Kisa hiki nimekipata kwa Mzee Gia, aliyeendesha mashine kubwa kabla yangu, na ambaye mpaka leo hupita jioni kusikiliza kama naitesa.

Kwa faida ya wale wa ghorofani: picha ya rangi huchapwa mara nne, kwa manjano, nyekundu, buluu na nyeusi, na kila rangi ina filamu yake. Filamu zenyewe hazina rangi. Zote ni kijivu, zimefanana kama mayai. Kinachozitenganisha ni herufi ndogo iliyo ukingoni. Mwaka huo shule zilikuwa zinakaribia kufunguliwa na malori yamejipanga getini. Bosi wetu wa leo alikuwa kijana, ofisa wa uzalishaji, ana saa mpya mkononi na haraka kuishinda hiyo saa. Filamu za ukurasa wa mdiria zilizidi fremu kidogo. Kuzirudisha zikapigwe upya kungekula siku. Akachukua mkasi, yeye, kwa mkono wake, akazipunguza ukingoni. Alipunguza na herufi. Kisha akawakabidhi watu wa meza ya kupangia filamu: hii manjano, hii buluu, wekeni. Ya manjano ikakaa kwa buluu, ya buluu ikakaa kwa manjano.

Mdiria mdogo mnamjua, au mngemjua kama mngetoka nje. Mgongo wake ni buluu, na kifua ni cha machungwa kama kaa la moto. Karatasi ya kwanza ilipotoka, mgongo ulikuwa wa machungwa na kifua cha zambarau.

"Simamisha," Mama Kolea akasema, na Mzee Gia akasimamisha.

Yule ofisa akaja mbio. "Nani kasimamisha mashine?"

"Mimi. Hebu tazama. Ndege wa watu umemvalisha shati kinyume."

"Mama, ni ndege mmoja tu kati ya wote hao."

"Na wewe ni mmoja tu kati ya wote hawa. Tukikugeuza kisogo kiwe mbele utafurahi?"

Mzee Gia anasema alicheka, na kicheko kile kilimnyima zamu nzuri mwaka mzima. Ofisa hakucheka. Alitazama nje, akayaona malori, akasema, "Endelea kuchapa. Nani anamjua ndege huyo?"

Wakachapa. Barua za malalamiko zilipokuja, si nyingi, ofisi ikajibu kwamba ni kosa la chumba cha rangi na wahusika wameonywa. Mhusika alikuwa nani? Aliyeshika mkasi alipandishwa cheo. Aliyesema simamisha akabandikwa ndege. Tangu hapo kila mgeni anayetembezwa kiwandani huonyeshwa mdiria wa zambarau, na anayemtembeza humnyooshea kidole Mama Kolea, watu wakacheka. Naye hushika karatasi yake dirishani kama hasikii. Anasikia.

Lililomuuma hasa si kicheko. Kitinda mimba wake, wakati huo yuko darasa la nne, aliulizwa kwenye mtihani kifua cha mdiria kina rangi gani. Mtoto alikuwa amewaona mara nyingi kwenye mtaro wetu, alipokuwa akimletea mama yake ufunguo. Akaandika machungwa. Mwalimu akamkata, akaandika pembeni: Soma kitabu. Mama Kolea akaenda shuleni. Mwalimu akamfungulia ukurasa, akamwekea kidole, kwa upole kabisa, kama anayemfundisha mtu mzima kusoma. Kitabu kilikuwa kimetoka mikononi mwake mwenyewe, wino aliuchanganya yeye. Angebisha na nini?

"Mwalimu," akasema, "ndege mwenyewe hayuko mbali. Twende nikakuonyeshe."

"Mama, mimi nina vipindi," mwalimu akajibu.

Njia nzima ya kurudi mtoto hakumuuliza mama yake ni nani mkosaji, yeye au kitabu. Mama Kolea anasema angemuuliza ingekuwa nafuu.

La kuvunda halina ubani. Toleo lililofuata lilinakiliwa kutoka lile, na lililofuata likanakiliwa kutoka hilo. Timu ya mpira ya mtaa wa pili imemweka mdiria wa zambarau kifuani. Pakiti ya sabuni inaye. Kiwanda kingine, sikitaji, kimetoa kitabu chake cha ndege na kujigamba kwenye jalada kwamba michoro yote ni mipya, imechukuliwa porini. Nikafungua kwa mdiria: kifua zambarau, mgongo machungwa. Pori gani hilo? Pori la kwenye rafu yetu.

Na mwaka huu tena. Toleo jipya linaandaliwa kwa kompyuta, na kijana wa kompyuta ameskani kurasa kutoka kitabu cha zamani, pamoja na shati lake kinyume. Mama Kolea alimwona mdiria huyo kwenye kioo cha kompyuta akiwa amebakiza wiki chache za kazi. Alingoja aitwe ofisini.

Aliitwa, aulizwe kuhusu zawadi. Nilikuwepo, nimekwenda kupanga ratiba ya mashine, kwa hiyo haya sikuhadithiwa.

"Mama, tumefikiria saa ya ukutani," Bosi akasema. "Kubwa. Yenye jina lako."

"Saa ya nini tena, baba, kwa mtu anayeacha kazi? Nirekebishie mdiria kwenye toleo jipya."

Bosi akacheka kidogo. "Mama naye. Si watu wameshamzoea?"

"Watu wamezoea hata mashimo ya barabarani. Mbona kwenye ramani hatuyachori kama maziwa?"

"Sikiliza, Mama yangu. Kuanza ukurasa upya ni gharama, na mwaka huu tumebana. Fungu lililobaki ni la sherehe yako tu."

Alidhani amefunga mlango. Mama Kolea akausukuma mlango huohuo.

"Basi chukua sherehe."

"Na keki?"

"Na keki."

"Na hema, na viti?"

"Miaka yote nimesimama. Viti vya kazi gani leo?"

Bosi akanigeukia mimi, kama anayeomba msaada. Nikatazama dari. Dari yetu ina mengi ya kutazama.

Ndiyo maana, ndugu wafanyakazi, Ijumaa hakuna sherehe. Najua mmeulizana. Wengine mmesema Mama anaringa, wengine mmesema amegombana na ofisi. Sherehe yake ameiuza. Amemnunulia ndege kifua chake. Na hapa ndipo hasira yangu inapokataa kukaa chini. Mtu amefanya kazi miaka thelathini na nane, amebebeshwa kosa la mwingine miaka zaidi ya ishirini, na ili kosa lifutwe inabidi alilipie kwa keki yake ya kuagwa. Aliyekata filamu hakuombwa hata kikombe cha chai. Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni, walisema wazee. Sisi tumemnyonga, haki yake tumemuuzia.

Ofisi itasema ukurasa huu haukupitishwa. Ni kweli haukupitishwa. Jarida hili linachapwa kwenye mashine yangu, na Bosi atalisoma wino ukiwa umeshakauka. Akitaka kunihamishia stoo, anihamishie, ila atafute kwanza anayeweza kuipandisha ile mashine mlima wa asubuhi ikiwa baridi. Nitasubiri hapohapo stoo nikila karanga.

Na Mama Kolea hakukaa kulia. Mwezi mzima huu, mchana wenzake wakila, yeye yuko mtaroni na ubao magotini na brashi za mama mdogo wake. Amempaka mdiria upya kwa mkono, mdomo, mgongo, kifua, mkia, kazi zote za meza ile ndefu kafanya mtu mmoja. Mara ya kwanza akautupa mchoro, kifua kimepoa. Mara ya pili akautupa, mgongo umezidi giza. Binti yake, yule aliyekatwa mtihani, siku hizi mama wa watoto wawili, alikuja akakaa naye kwenye ukingo wa mtaro akimshikia kopo la maji. Nilipopita nikamsikia akimwambia, "Mama, huyu sasa mwache, anafanana." Mama Kolea akamtazama ndege, akautazama ubao, akamtazama mwanawe. Akauweka ubao chini, brashi ikiwa bado mbichi. Sijawahi kumwona akikubali kitu haraka vile.

Pleti za ukurasa huo, zile bati za kuchapia, ziko tayari. Ijumaa mchana, baada ya mapumziko, zinapanda kwenye mashine kubwa. Karibuni nyote kwenye ukumbi wa mashine. Hakuna hema, hakuna muziki, soda kila mtu aje na yake. Wanaofunga vitabu wametuma salamu kwamba watasimamisha meza zao. Mzee Gia atakuja na kofia ya Idi na ya misiba, hana nyingine. Bosi naye anakaribishwa, na nafasi yake tumemwekea mbele kabisa, pale karatasi zinapotoka, ili asisumbuke kuchungulia. Mama Kolea ataichukua karatasi ya kwanza na kuitoa dirishani kwenye mwanga. Akisema ipite, itapita. Akisema irudi, tutakesha. Mashine haina mshahara.

Mama yetu, kwa niaba ya waliokuelewa na ya waliokucheka, ahsante. Umetufundisha kutoka nje kabla ya kuchapa. Umewatetea ndege ambao hawakujua hata kama wana kesi. Ukaishi vizuri huko uendako, pamoja na mzee na wajukuu, kwa afya na kwa usingizi mrefu. Na asubuhi ndege wakija dirishani kwako usianze kuwatafutia kasoro kwenye mwanga: hao hatukuwachapa sisi.